Vyoo vya Wageni

Kama kulikuwa na jengo la kujivunia katika shule ile, halikuwa ofisi ya mwalimu mkuu wala maktaba, ambayo tukisema ukweli ilikuwa kabati. Lilikuwa jengo la vyoo. Vyoo vipya vya mradi, milango ya buluu, sakafu ya vigae, masinki meupe yamepangwa kwenye ukuta wa nje, na upande wa wasichana chumba kidogo cha ziada chenye bomba, ndoo yenye kifuniko na misumari ya kutundikia nguo, kwa ajili ya binti aliye katika siku zake. Nyuma kulikuwa na kisima kilichochimbwa kwa mashine, na juu ya mnara wa chuma tangi lililoonekana tangu barabarani. Wapita njia walisimama kuvisifu vyoo vile. Walivisifu kwa mbali, kwa sababu vilifungwa kufuli.

Mwenye funguo alikuwa Mama Kioo. Jina hilo alilipata kazini, alipokuwa msimamizi wa wasafishaji katika hoteli kubwa ya mjini, maana hakukubali kwamba meza imefutwa mpaka aione sura yake juu ya meza hiyo. Sasa alikuwa amestaafu, lakini alistaafu kwenye karatasi tu. Kila asubuhi alifika shuleni kabla ya kengele, aproni kiunoni, akafungua mlango mmoja mmoja, akapangusa vumbi ambalo halikuwepo, akakausha masinki yasiyolowa, akafunga tena. Kisha alirudi nyuma hatua chache, akashika kiuno na kuvitazama. Nani kama yeye? Jibu alikuwa nalo, na halikumkosesha usingizi.

Usimcheke bado. Kufuli zile zilikuwa na sababu. Siku ya makabidhiano, afisa wa shirika lililojenga, mama mmoja mrefu wa sauti ya taratibu, alisimama mbele ya wazazi akasema kwamba baada ya mwaka atarudi kukagua hali ya vyoo. Akiridhika, italetwa awamu ya pili: bomba kutoka kisima kile mpaka zahanati na mtaa mzima. Mtaa wenyewe ulikuwa unanunua maji ya madumu, na zahanati ilikuwa inawaambia wajawazito waje na maji yao ya kuzalia. Basi kamati ya maji na usafi ya shule, Mama Kioo akiwa mwenyekiti, ikakaa ikakata shauri. Vyoo vilivyotangulia, vya mfadhili mwingine, vilikufa ndani ya muhula mmoja. Watoto walivitupia mawe, magunzi, na mara moja kiatu. Safari hii hawataki kuaibika. Vyoo vipya vitafungwa mpaka mkaguzi apite, na vitakuwa na hali nzuri kwa kuwa hakuna atakayeigusa hiyo hali. Atakayefunguliwa ni mgeni wa heshima tu. Na kwa mwaka ule wote hakuja mgeni wa heshima aliyebanwa.

Hakuna aliyeona kituko chochote katika uamuzi huo. Mwalimu mkuu aliupigia makofi. Wanafunzi wakaendelea na mashimo yao ya zamani nyuma ya jiko, yenye milango kwa upande wa wavulana na magunia kwa upande wa wasichana. Kando yake yalining'inia madumu yaliyotobolewa ya kunawia mikono, ambayo yalikauka siku ile ile watu walipoambiwa kwamba masinki yanakuja.

Sasa, Mama Kioo alikuwa na mjukuu wa darasa la saba, mtoto wa binti yake aliyekuwa anafanya kazi mji mwingine. Walikuwa wanaitana wake wenza, kama bibi na mjukuu wanavyotaniana, na babu, fundi redio aliyefanyia kazi yake barazani, ndiye aliyekuwa mume wa kugombaniwa. Mjukuu yule wa kike alikuwa na kichwa cha hesabu. Akitumwa dukani, muuza duka alikuwa anapiga kikokotoo huku yeye ameshanyoosha mkono kusubiri chenji. Mama Kioo alishamwona mhandisi, alishaona hata viatu ambavyo mhandisi huyo angevaa siku ya kwanza kazini. Kilichobaki kilikuwa mtihani wa kumaliza darasa la saba tu.

Asubuhi moja mwalimu wa hesabu alimfuata pale kwenye masinki.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwalimu. Usiegemee hapo, nimeshapangusa."

Mwalimu akajiondoa ukutani. Alikuwa kijana mpole, wa kuzunguka sana kabla ya kufika kwenye neno. Aliulizia afya ya babu, akaulizia mvua, ndipo akasema, "Nimekuja kwa habari ya mjukuu wako. Anatoroka."

"Anatoroka nini?"

"Vipindi vya baada ya mapumziko. Si kila siku. Lakini kuna siku akitoka hapo getini simwoni tena mpaka kipindi cha mwisho, na anarudi anahema. Nimemuuliza, hasemi. Mwalimu mkuu ametangaza kwamba kuanzia wiki ijayo, mtoro wa darasa la saba akikosa vipindi kwa siku moja zaidi, hasajiliwi kwa mtihani. Usajili ni mwisho wa mwezi. Nimeona uambiwe na mimi kabla hujaambiwa na mwingine."

Mama Kioo alimshukuru, akafunga milango yake, akashika njia ya nyumbani. Nisikufiche: alichofikiria kwanza ni mvulana. Akafikiria tena, akaona si mvulana, ni mtu mzima, mwenye pikipiki, anayenunua soda. Mpaka anafika nyumbani alikuwa ameshamjua mtu huyo mpaka rangi ya pikipiki, na alikuwa ameshachagua maneno ya kumwonyesha kilichomtoa kanga manyoya.

Siku ya pili yake alijibanza sebuleni nyuma ya pazia, saa ya mapumziko. Babu alikuwa barazani na redio iliyopasuliwa tumbo. Haukupita muda, viatu vya shule vikasikika vikikimbia uchochoroni. Binti akaingia, akamwamkia babu bila kusimama, akapita ndani, akatokea uani, akafunga mlango wa choo. Akakaa humo kitambo. Alipotoka alinawa, akanywa maji vikombe viwili kwa pupa, akageuka kukimbia.

"Simama hapo, mke mwenzangu."

Binti alisimama. "Bibi. Kumbe upo."

"Nipo. Na yeye yuko wapi?"

"Nani?"

"Huyo unayemfuata mchana."

Binti alimtupia jicho babu yake kupitia mlangoni. Babu aliinamia redio. Vita vya wake zake hakuwahi kuviingilia.

"Simfuati mtu, Bibi. Nakuja chooni."

"Chooni?"

"Cha hapa kina mlango."

Mama Kioo aliutazama mlango ule wa choo kana kwamba anauona leo. Binti, kwa kuwa ameshakamatwa, akatoa ya moyoni yote. Alisema gunia la shuleni upepo ukilipeperusha unaonekana mpaka magoti, na wavulana wa darasa la sita wanajua saa ya kupita. Alisema kwa siku za kawaida anajibana, hanywi maji tangu asubuhi. Lakini akiwa katika siku zake hawezi, lazima aje nyumbani, na kuja na kurudi kunakula vipindi viwili. Wapo wanaobana mpaka wanaumwa, wanapelekwa kwa mkunga. Wapo waliochoka wakaacha kuja shule siku hizo, na mmoja ameacha kabisa.

"Na hukuniambia kwa nini?"

"Nikuambie nini, Bibi? Wewe ndiye mwenye funguo."

Hakusema kwa ufidhuli. Kama angesema kwa ufidhuli ingekuwa nafuu, Mama Kioo angepata pa kushikia.

"Basi nitakufungulia wewe," akasema, na sauti yake yenyewe hakuipenda. "Kimyakimya. Mapumziko njoo mlango wa mwisho."

"Wakiniona wenzangu je? Nitakuwa ndiye mgeni wa heshima wa shule nzima?"

"Vumilia basi. Mkaguzi anakuja mwezi huu huu, akishapita tunafungua."

"Mwezi huu ndio ninaohesabiwa, Bibi. Nikikosa tena siku moja, nafutwa." Akaitazama saa ya ukutani. "Na leo tayari nimechelewa."

Akatoka mbio. Mama Kioo alibaki amesimama katikati ya sebule yake safi, kisha akatoka barazani akakaa kwenye kigoda.

"Ulijua?" akamuuliza mumewe.

"Nilijua anakuja chooni. Sikujua kama hiyo ni habari."

"Usinichekeshe, baba."

Babu hakuwa anachekesha. Aliendelea kuunga waya, na mkewe akabaki pale na aibu yake. Aibu ilikuwa kubwa, ya kuchoma, na chini yake kulikuwa na hasira, na hasira yenyewe hakuwa na wa kumpa. Kufuli alinunua yeye. Mwaka mzima alikuwa anapita mbele ya magunia yale kila asubuhi akienda kufuta vumbi lisilokuwepo, na hakuwahi kujiuliza mjukuu wake anajisaidia wapi. Alikaa mpaka chai ikapoa. Lakini Mama Kioo hakuumbwa kwa kukaa na aibu muda mrefu. Ilimwishia, akainuka, akavaa viatu kwenda kumwona mwalimu mkuu.

Siku hiyo hiyo jioni kamati ilikutana darasani, watu wazima wamejikunja kwenye madawati ya watoto, magoti juu. Walikuwa mwalimu mkuu, muuza duka na mkunga wa zahanati. Mama Kioo hakupoteza muda. Alieleza alichokiona, akaeleza mjukuu wake yuko katika hatari gani, akasema kesho anafungua vyoo.

"Mama Kioo," alianza mwalimu mkuu, ambaye hakuwa mtu mbaya, alikuwa mtu aliyewahi kuona kiatu ndani ya choo kipya. "Wiki chache tu zimebaki. Unajua watoto. Mkaguzi atakuta nini?"

"Na bomba letu?" Muuza duka alikuwa ameshatenga hata kona ya duka ya kuweka bomba. "Mtaa mzima tukose maji kwa sababu mtoto mmoja hapendi gunia?"

"Si mtoto mmoja. Na wewe ukilipenda gunia, kesho njoo ulitumie saa ya mapumziko, tutakuangalia."

Muuza duka akageukia dirisha. Wote wakamtazama mkunga, kwa sababu hakuna aliyelitaka bomba lile kama yeye. Alikuwa anazalisha kwa taa ya betri na maji ya ndoo, na kila mwezi aliulizia awamu ya pili kabla hata ya kusalimia.

Mkunga aliinuka kwenye dawati. "Nalitaka bomba lile kuliko ninyi nyote mkijumlishwa," akasema. "Lakini wasichana wa shule hii wanaletwa kwangu wana maumivu ya kubana mkojo, nami nawapa dawa na kuwaambia wakanywe maji mengi. Wanywe halafu waende wapi? Bomba na lisubiri, Mama Kioo. Fungua."

"Vikichakaa?" aliuliza mwalimu mkuu.

"Vitachakaa," Mama Kioo akasema. "Miaka yote hotelini sikusifiwa hata mara moja kwa chumba ambacho hakikulala mtu. Chumba hicho si kisafi, ni kitupu tu. Usafi ni watu kulala, wewe unaingia asubuhi unakuta balaa, na kufika mchana umelishinda. Hiyo ndiyo kazi ninayoijua, na mwaka mzima nimeikimbia nikiwa nimeshika kitambaa. Sitaki kura. Anayezitaka funguo azichukue, na kesho asubuhi asimame yeye pale na awaambie watoto kwa nini."

Aliziweka juu ya dawati. Hakuna aliyezigusa.

Asubuhi yake shule nzima ilipanga mstari uwanjani kupewa darasa na Mama Kioo. Sabuni ilifungwa kwenye wavu na kukazwa kwenye bomba, isije ikasafiri. Magunzi na mawe vilipigwa marufuku kwa maneno ambayo sitayarudia. Wasichana alikaa nao peke yao chumbani kwao, akawaonyesha ndoo yenye kifuniko na namna itakavyomwagwa na kuchomwa, akawaambia kwamba hapo hakuna la kuona haya. Wavulana aliwapa somo la kulenga shabaha kwa uwazi ambao mwalimu wa sayansi alikiri kwamba yeye asingeuthubutu. Kisha akafungua milango yote.

Foleni ya mapumziko ya kwanza ilifika mpaka kwenye mlingoti wa bendera. Nusu yao hawakubanwa, walikuja kuona. Wengine walinawa mikono mara tatu kwa ajili ya raha ya kufungua bomba na kulifunga, na Mama Kioo aliwaacha wanawe.

Ilipofika mchana, maji yakagoma kushuka.

Yalianzia choo kimoja upande wa wasichana, yakafuata vyote. Yalipanda taratibu, yakafika ukingoni, yakaja kwenye vigae, na harufu ikaja nayo. Mama Kioo alikunja mikono ya gauni, akamwaga ndoo, akachokoa kwa mpini wa ufagio. Hakuna kilichosogea. Mwalimu mkuu alikuja amejiziba pua kwa leso.

"Sitaki kusema nilisema," akasema.

"Basi usiseme. Nipe namba ya mkandarasi."

Watoto walirudishwa darasani, na binti yule alipita karibu na bibi yake. Uso wake ulikuwa unahesabu. Siku zake zingerudi kabla ya usajili, na kama vyoo hivi vimekufa, basi njia ni ile ile ya uchochoroni, na jina lake litafutwa. Mama Kioo alimwona na akajua anachohesabu. Alipiga simu pale pale, miguu majini.

"Mama, jengo hilo nilikabidhi mwaka jana," mkandarasi akasema. "Mbona siku zote hamkulalamika?"

"Tunalalamika leo."

"Siku zote hizo mlikuwa mnatumia vipi?"

"Hatukutumia. Tulifunga. Aibu hiyo ni yangu, si yako. Niambie, dhamana yako inaisha lini?"

"Ijumaa ya wiki ijayo," mkandarasi akasema kwa unyonge.

"Umeona? Bado tuna mapenzi. Njoo kesho, baba, kabla hatujaanza kuonana kwa barua."

Akaja, na mafundi wake wawili na majembe. Walifukua nyuma ya jengo, pale bomba la maji machafu linapoingia kwenye shimo kuu, na walipolifikia mmoja wa mafundi alianza kujikuna kichwa. Mdomoni mwa bomba palikuwa na mfuko wa saruji. Waliusokomeza wenyewe wakati wa ujenzi, udongo usiingie bombani, na siku ya kumaliza, kwa haraka ya kupaka rangi kabla ya sherehe, wakausahau. Mwaka mzima hakuna tone lililopita pale, na hakuna aliyejua, kwa sababu hakuna aliyejisaidia.

Mkandarasi alikuwa wa kwanza kucheka, tumpe haki yake. Mama Kioo akafuata, kicheko cha kushika mbavu. Mwalimu mkuu aliutazama mfuko ule ukivutwa, umelowa na kunuka, akafikiria siku ya ukaguzi, mgeni wa heshima anafunguliwa kwa mbwembwe, anaingia, anamaliza, anavuta maji. Akafumba macho.

"Yaani tulikuwa tunalinda ukuta," akasema.

"Ukuta mzuri lakini," Mama Kioo akamjibu.

Siku ya tatu vyoo vilifunguliwa tena, na safari hii maji yalishuka kwa sauti nono ambayo Mama Kioo alisimama kuisikiliza. Kuanzia hapo maisha yake yakawa vita. Mlango mmoja ulilegea bawaba. Rangi ya buluu ilichubuka usawa wa mikono. Mtu aliandika jina la mtu na moyo kwenye kigae, akafutishwa hicho na vigae vyote vya jirani. Sabuni ililika kwa kasi ya ajabu, na mwalimu wa zamu alilalamika kwamba watoto sasa wananukia kuliko yeye. Kila mapumziko Mama Kioo aliingia akakuta balaa, na kila kengele aliliacha limeshindwa. Mgongo ulimuuma. Hakuwahi kuwa na furaha kama hiyo tangu alipostaafu, na alilisema hilo nyumbani mpaka babu akaongeza sauti ya redio.

Binti hakuonekana tena uchochoroni mchana. Siku zake zilikuja wiki ya mwisho ya mwezi, siku chache kabla ya usajili, na safari hii aliondoka nyumbani asubuhi na kifurushi chake kidogo mkobani, bila wasiwasi.

Siku hiyo ndiyo aliyoichagua mkaguzi.

Gari la shirika liliingia saa ya mapumziko bila kupiga honi, akashuka yule mama mrefu wa sauti ya taratibu. Mwalimu mkuu alitoka ofisini anafunga kitufe cha koti. Mama Kioo alitoka chooni na ufagio mkononi, kwa kuwa balaa la siku hiyo lilikuwa bado halijamalizika, na kwa mara ya kwanza alivitazama vyoo vyake kwa macho ya mgeni. Aliona michubuko, alama za vidole, bawaba iliyofungwa kwa waya, maji ya kunawa yametapakaa chini ya masinki.

Mgeni alizunguka jengo polepole. Alifungua bomba, akafunga. Akainama kuitazama sabuni kwenye wavu, imebaki kipande cha kuwekwa sikioni. Akauliza, bila kumtazama mtu, "Mmeanza kuvitumia lini?"

Mwalimu mkuu alikohoa. Neno 'mwaka' lilikuwa ulimini mwake, Mama Kioo aliliona, na hakumlaumu. Zahanati, mtaa, muuza duka na kona yake, vyote vilikuwa ndani ya neno hilo moja.

"Wiki tatu," Mama Kioo akasema. "Kabla ya hapo nilivifunga mimi, ukija uvikute vipya. Na kama ningeendelea kuvifunga, leo vingekumwagikia miguuni." Akamweleza habari ya mfuko wa saruji, na hakuacha kitu.

Mgeni alisikiliza mpaka mwisho. "Nashukuru umesema," akasema. "Hujui ni shule ngapi ninafunguliwa kufuli na kuonyeshwa vyoo vinavyonukia rangi. Lakini nami niseme kweli. Ninachokagua ni mwaka wa matumizi, na mwaka hamna. Awamu ya pili siwezi kuipitisha leo. Nitarudi mwakani."

Lilimchoma Mama Kioo. Alimwona akilini mkunga na ndoo zake, akajua kwamba jioni ataenda zahanati kumwambia mwenyewe, na kwamba hakutakuwa na njia nzuri ya kulisema. Mwaka mwingine wa madumu kwa mtaa mzima, na kila mtu atajua umetokana na kufuli za nani.

"Njoo mwakani," akasema. "Utavikuta vimechubuka zaidi, na utapitisha."

"Ninaamini," mgeni akasema, na akatabasamu kidogo. Kisha akashusha sauti. "Samahani. Niko safarini tangu asubuhi. Naweza kutumia kimoja?"

Mwalimu mkuu aliruka. Hapa angalau palikuwa na jambo analoliweza. Foleni ya wasichana ilikuwa ndefu, na mbele yake kabisa, karibu na kile chumba kidogo, alisimama binti wa darasa la saba na kifurushi kwapani. "Pisheni," mwalimu mkuu akasema, anapunga mikono. "Pisheni, pisheni, mgeni apite. Wewe hapo, rudi nyuma."

Binti aliangalia saa ya ukutani kupitia dirisha la ofisi. Akaanza kusogea.

"Usisogee," Mama Kioo akasema.

"Mama Kioo, ni mgeni."

"Namwona. Karibu sana, mgeni, foleni inaanzia kule nyuma ya yule mwenye soksi nyekundu." Akasimama kati yao, na ufagio. "Hawa wana hesabu sasa hivi. Huyu akikosa, mnamfuta."

Afisa wa shirika alimtazama Mama Kioo, akamtazama binti na kifurushi chake, na akaelewa, maana na yeye aliwahi kuwa msichana wa shule. Akatembea mpaka mwisho wa foleni, akasimama nyuma ya mwenye soksi nyekundu, akakunja mikono mbele kama waliotangulia. Binti akaingia, akafunga mlango.

Mwalimu mkuu aliitazama foleni, akaitazama saa yake. Kisha akaondoka kwa haraka, yeye mwenyewe, kwenda kumzuia mpiga kengele.

Binti alitoka. Alinawa kwa sabuni, akakung'uta mikono, akampita bibi yake mbio bila hata kumtazama, maana hakukuwa na la kutazamana. Foleni ikasogea, mmoja mmoja, mpaka akabaki mgeni peke yake, na Mama Kioo akaingia mbele yake kupiga deki, akatoka, akamfungulia.

"Sabuni ni hicho kipande," akamwambia. "Unawe vizuri, nipo hapa."

Ndipo kengele ikalia. Kutoka dirisha la darasa la saba, mwalimu wa hesabu alianza kuita majina, na Mama Kioo akaacha kufagia ili asikie. Mjukuu wake alikuwa katikati ya orodha, akaitika kwa sauti kavu, ya mtu ambaye mawazo yake yameshafika kwenye ubao.

"Nipo."